Mji wa Mwisho wa Digidigi

Mji wa Ndizi ulitoweka Ngailo akiwa bado anacheka.

Alikuwa ameshindwa kitendawili cha kitoto. Badala ya kuumiza kichwa alibonyeza kitufe chekundu kwa mbwembwe na kusema, kwa sauti ya mtu anayetangaza mchango wake wa harusi, "Haya bibi, nakupa mji!" Migomba ikainama. Mapaa ya kurukia, ngazi zilizopinda, nguo zilizoanikwa, vyote vikajikunja kuelekea katikati kama mkeka wageni wakishaondoka. Pakabaki anga tupu la samawati, na Digidigi mdogo amesimama ukingoni mwake akigonga kwato.

"Umeumaliza," alisema Atuganile, fundi wake.

"Nimeshindwa kitendawili tu, Atu. Nirudishe mwanzo wa mji nijaribu tena."

"Hakuna mwanzo wa kurudi. Humu ukitoa, umetoa."

Ngailo, mkurugenzi wa Jumba la Michezo hapo Mbeya, aliutazama mkono wake uliobonyeza kana kwamba ni wa mtu mwingine. Kisha akacheka tena, ingawa safari hii kicheko kilikuwa kifupi.

Hakuna aliyekulia nchi hii asiyemjua Digidigi. Paa mdogo mwenye macho makubwa na kitambaa chekundu shingoni, anaruka bati hadi bati, mji hadi mji, na kwenye lango la kila mji anamkuta Kobe. Kobe husema "Kitendawili!" na mchezaji husema "Tega!" Ukishindwa unampa mji, kama ilivyo kwa watu wote wanaotegeana vitendawili tangu enzi za mababu. Kobe anakupa jibu, unarudishwa mwanzo wa mji huo, unatukana kidogo, unaanza upya. Na ukimwacha Digidigi amesimama bila kumchezesha, hugonga kwato ya mbele, kwa-kwa, kwa-kwa, kwa jinsi asivyojua kusubiri. Watoto wa shule waliogonga miguu mstarini hivyo walichapwa na walimu ambao nao, wakiwa ofisini peke yao, waligonga vilevile.

Hiyo ndiyo gemu iliyouzwa. Kilichokuwa mezani kwa Atu ni demo, toleo la majaribio ambalo halikutoka nje ya karakana. Walioiandika walikuwa vijana wa hapahapa. Mmoja wao alipofika kwenye kanuni ya kutoa mji aliiandika vile alivyoisikia kwa bibi yake: mji ukitolewa, si wako tena. Kompyuta haina bibi na haijui utani. Ikaambiwa mji umetolewa, ikautoa moja kwa moja. Kosa hilo lilirekebishwa kabla ya gemu kuuzwa, lakini demo hazikurekebishwa. Zilifungwa kwenye masanduku zikasahauliwa.

Na lingekuwa kosa la kuchekesha tu kama si vigae.

Zama zile gemu ziliandikwa juu ya vigae, vipande vya kioo laini vinavyojifunza. Kigae kilijifunza mkono wa anayekichezea. Kilijua anaruka mapema au anachelewa, anakasirika wapi, anacheka nini, na kwa kuwa wajaribu waliongea na gemu kupitia kipaza sauti, kikajifunza na ulimi wao. Kabla ya gemu kuuzwa kigae kilioshwa, mkono wa mjaribu ukafutika, na Kobe akapewa sauti ya mwigizaji wa redio. Demo hazikuoshwa. Mjaribu alibaki humo, amesambaa mjini, sehemu yake katika kila paa na kila ngazi. Sheria ilipokuja iliviita vitu hivyo nyayo. Wataalamu walibishana kama unyayo ni mtu. Walipochoka waliandika kwamba unyayo lazima uoshwe, isipokuwa mwenye mkono aridhie kwa hiari yake.

Kobe wa demo hii alisema kwa sauti ya msichana.

"Huyo aliyetoa mji nani?" iliuliza sauti hiyo kutoka kwenye spika. "Mkono mzito kama wa mpiga chapati. Mwambieni aje tena, bado nina nafasi ya kuweka miji."

Ngailo aliruka kitini kwa furaha. "Unasikia? Anataniana na watu! Atu, hii tukiiachia wiki ya sherehe ya Digidigi, kila nyumba itaitaka. Kila nyumba iwe na huyu binti."

"Na kila nyumba itampa miji mpaka aishe."

"Atakuwa kwenye nakala nyingi sana."

"Basi ataisha mara nyingi sana."

Ngailo hakuwa mtu mbaya, ila alipenda kitu kikubwa kikitokea yeye akiwa karibu. Aligeuza sanduku la demo ili Atu asome kibandiko chake, ingawa alijua Atu ameshakisoma tangu asubuhi na kwamba ndiyo sababu hajatulia kutwa nzima. Kiliandikwa kwa wino uliofifia: *Mjaribu: Twimanye.*

"Sheria inataka ridhaa ya mwenye mkono," alisema. "Mwenye mkono hawezi kusema tangu apooze. Kwa hiyo mdomo wake ni wewe. Weka dole gumba hapa, basi. Asiyekuwepo na lake halipo."

"Mama yupo," alisema Atu. "Yupo nyumbani Isanga, amekaa dirishani."

"Basi niambie kesho amesemaje," alisema Ngailo, akatoka akipiga mluzi wa wimbo wa Digidigi.

*

Alipobaki peke yake Atu alizunguka meza. Akafungua dirisha, mvua ikaingia, akalifunga. Tangu utotoni alikuwa hivyo. Mama yake alizoea kumwambia, "Keti mwanangu, kiti hakina miiba," naye aliketi na miguu ikaendelea na safari chini ya meza. Sasa alitamani mtu wa kumwambia aketi.

Demo ilibaki na miji miwili, Mji wa Mabati na Mji wa Ukungu. Alijua kwamba busara ni kuizima. Alijua pia kwamba hajaisikia sauti ile kwa muda mrefu, na kwamba hata alipoizoea haikuwa nyepesi hivi, kwa sababu ilikuwa imekwishapitia ndoa, msiba na deni la ada za watoto. Alishika kile kishikio chenye vitufe akaingia Mji wa Mabati.

Digidigi aliruka. Atu alichelewa kwenye bati la pili, akaona anaanguka, na palepale kitu fulani kikamvuta Digidigi juu kwa ncha ya kwato. Haukuwa mkono wake. Ulikuwa mkono mwingine ndani ya wake, mwepesi, wa mtu anayejua njia. Hivyo ndivyo alivyovushwa barabara ya Sokomatola akiwa mdogo, akinyanyuliwa kwa mkono mmoja tu.

Kobe alikuwa langoni.

"Kitendawili!"

"Tega," alisema Atu.

"Nyumba yangu haina mlango."

"Yai."

"Eh!" Msichana alicheka. "Kumbe leo nimeletewa mtu mzima, sauti nzito hiyo. Nami nakutega vya chekechea. Samahani. Shikamoo, dada."

Atu alifungua mdomo, halafu akaufumba.

Kuna mambo ambayo ulimi haufanyi hata ukiamriwa. Mtu anaweza kumdanganya mama yake, anaweza kumnunia, anaweza hata kumpigia simu na kumkatia. Lakini kuamkiwa na mama yako mzazi, halafu ukajibu marahaba, ukaipokea heshima hiyo kama haki yako? Atu alijua kwamba hiki ni kioo. Alijua kwamba msichana huyu ana miaka kumi na tisa na yeye amemzidi umri, kwa hiyo kwa hesabu yoyote shikamoo ilikuwa yake. Alijaribu. Midomo ilifika kwenye *ma* ikagoma.

"Makubwa!" alisema msichana. "Siku hizi shikamoo haijibiwi?"

Ndipo Atu alipokumbuka, akiwa amechelewa, kwamba mpaka lango lifunguke kimya kirefu huhesabiwa kushindwa, hata kwa aliyekwisha kujibu.

"Usi..." alianza.

"Aliyenyamaza ametoa," alisema Kobe kwa furaha. Mabati yote ya Mji wa Mabati yakaanza kujikunja, na pamoja nayo yule aliyemnyanyua Digidigi kwenye bati la pili.

Atu alizima kila kitu akabaki amekaa sakafuni. Alilia kwa hasira zaidi ya huzuni, kwa sababu Ngailo aliumaliza mji kwa ujinga na yeye aliumaliza kwa adabu, na mji haukujali tofauti hiyo.

*

Twimanye alikaa dirishani, amefunikwa kanga magotini. Upande wake wa kulia ulikuwa umekufa. Upande wa kushoto ulikuwa na hasira za pande zote mbili. Alikataa kulishwa. Alikataa kubadilishiwa stesheni ya redio. Kidole chake cha shahada kiligonga mkono wa kiti mchana kutwa, kwa-kwa, kwa-kwa, na majirani waliokuja kumjulia hali walidhani ni ugonjwa. Atu peke yake ndiye aliyejua kwamba mama yake anasubiri kitu, kama kawaida yake.

Atu aliweka kigae juu ya meza ndogo, akaunganisha skrini, akapiga magoti mbele ya kiti.

"Shikamoo mama."

Kidole kikagonga mara mbili. Hiyo ilikuwa marahaba yao ya siku hizi.

"Mama, umewahi kujaribu gemu ya Digidigi. Hukuwahi kuniambia." Mama alitazama pembeni, kwenye mvua. "Umo humu ndani, wewe wa zamani. Sheria inasema uoshwe, ama ukubali watu wakuchezee. Ofisini wanataka niweke dole kwa niaba yako. Mimi siwezi. Nikikuosha nimekuua, nikikuachia nimekutawanya majumbani kwa watu. Nikikuficha nitakuwa nakuja kukuchungulia kila siku, na ukiniamkia ninyamaze, na..." Aligundua kwamba amesimama na anazunguka chumba. Akarudi akapiga magoti. "Umebaki mji mmoja, mama. Gonga mara moja kama wakuachie. Gonga mara mbili kama wakuoshe."

Kidole kiliacha kugonga kabisa.

Kisha kikanyooka kuelekea skrini, halafu kikaelekea kishikio. Jicho lake zima lilisema kile lilichokuwa likisema Atu alipochelewa kupakua chakula: unangoja nini?

"Unataka kucheza."

Alikuwa anataka kucheza.

Mji wa Ukungu ulikuwa mji mgumu kuliko yote, mapaa yanaonekana nusu na ngazi hazionekani kabisa. Atu alivuta kigoda akakaa, akamshikia mama yake kishikio, mkono mmoja wa kushoto ukabonyeza kazi ya mikono miwili. Mara ya kwanza Digidigi alipoteleza, mkono wa ndani ulimdaka. Mara ya pili mkono wa nje ulifika kwanza. Baada ya hapo Atu hakuweza tena kutofautisha. Digidigi alipita ukunguni kama mtu anayetembea chumbani kwake taa zikiwa zimekatika, na uso wa mama yake, ule upande uliobaki, ulikuwa unacheka bila sauti.

"Wee!" ilisema sauti ya msichana langoni. "Huyu sasa anajua! Nani huyu? Nimempenda. Kitendawili!"

Twimanye alimtazama binti yake. Hakuwa na ulimi wa kusema tega.

"Tega," alisema Atu.

"Hiki nimekitunga mwenyewe, hakuna aliyekiweza karakana nzima. Sikilizeni. Mgeni wangu aliingia bila hodi. Sasa anagonga akiwa ndani."

Atu alifikiri. "Njaa."

"Njaa haigongi, njaa inanguruma. Hapana."

"Jino bovu."

"Ha! Unaumwa jino, dada? Pole. Hapana."

"Moyo."

"Moyo nao mgeni? Nilizaliwa nao. Hapana, hapana." Sauti ilikuwa inaruka kwa raha. "Toeni mji, niwaambie!"

"Hatutoi," alisema Atu haraka. Huo haukuwa ujasiri wake, ulikuwa wa kurithi. Twimanye hakuwahi kumpa mtu mji maisha yake yote. Vitendawili vya usiku wa sikukuu alivipeleka kitandani, akavilalia, akaamka navyo, na watu wakiwa wamekwishasahau aliibuka jikoni na sufuria mkononi akisema, "Ni kinu! Jibu ni kinu!" Mume wake alisema angezikwa na kitendawili mdomoni.

Atu alimgeukia. "Mama, ni chako. Jibu unalijua. Nionyeshe, nami nilitamke."

Mama alikuwa anamwangalia. Halikuwa jicho la mtu aliyesahau. Alilijua jibu, na alikuwa akisubiri binti yake alijue. Atu alijaribu tena, mende kabatini, saa ukutani, mkopo, na kila jibu lilimchekesha msichana na kumtia mama simanzi kidogo. Kisha Twimanye akapumua kama mtu anayetua ndoo, na kidole chake cha shahada kikasogea taratibu hadi juu ya kitufe chekundu.

"Usibonyeze, mama. Huo ndio mji wa mwisho. Ukiutoa amekwisha. Hakuna nakala, hakuna..."

Alimshika kifundo cha mkono. Ulikuwa mkono mwembamba, na angeweza kuuzuia bila jasho. Ngailo angeuzuia kwa jina la nchi, nao wanasheria wangeuzuia kwa jina la unyayo, ili msichana wa kioo apate kuishi. Na mwenye mkono alikuwa hapa, anataka kuutumia. Atu alikuwa amekuja kuuliza, na hili ndilo jibu, hata kama halikuwemo kati ya yale mawili aliyompa.

Akamwachia.

Twimanye, ambaye hakuwahi kumpa mtu mji, alibonyeza.

"Nimepewa mji!" msichana alipiga kelele. "Hatimaye! Haya, ahadi ni deni." Ukungu ulianza kujikunja kutoka pembezoni, polepole, kwa sababu mji ulikuwa mkubwa. Sauti ikashuka, ikawa ya kunong'ona, ya mtu anayeangalia mlango wa ofisi kabla ya kusema. "Jibu ni mtoto. Ninaye humu tumboni, na hakuna anayejua, hata baba yake bado. Wakijua wataniondoa kwenye majaribio, kwa hiyo msiniseme. Anapiga mateke huyu! Nikikaa kusubiri gemu ifunguke, kwa-kwa, kwa-kwa, hajui kutulia. Ndiyo nikamfundisha Digidigi kugonga kwato hivyo hivyo, wameipenda wote, wanasema wataiacha kwenye gemu mpaka mwisho. Hawajui ni ya nani. Akiwa wa kike nitamwita Atuganile."

Atu alishika ukingo wa meza.

Mitaa yote aliyopita, na watoto wote mstarini. Walimu wakigonga ofisini. Ngailo na mluzi wake. Nchi nzima ilikuwa ikiyagonga mateke aliyopiga kabla hajazaliwa, naye mwenyewe aliyagonga shuleni akachapwa.

Paa moja tu lilikuwa limebaki kwenye skrini, na Digidigi juu yake.

"Shikamoo," alisema Atu, na safari hii ulimi haukukwama popote. "Shikamoo, mama."

"Wewe dada!" msichana alicheka. "Shikamoo yako imekuja kinyu..."

Anga likabaki tupu. Digidigi alikuwa amesimama katikati yake, na hakugonga.

Chumbani palisikika mvua tu. Halafu Atu akahisi kitu gotini mwake. Kidole cha mama yake kiligonga mara mbili, kikatulia hapo, nao mguu wake uliokuwa ukigonga chini ya meza muda wote ukatulia pamoja nacho.

Simu iliita. Ngailo.

"Vipi, amesemaje? Tuachie au tuoshe?"

"Hakuna cha kuachia wala cha kuosha, bosi. Ametoa."

"Ametoa nini?"

Atu alimtazama mama yake, aliyekuwa amekwisharudi kutazama mvua dirishani.

"Mji," alisema. "Kanipa mimi."